Mdhamini Akisema Mtoe Huyu

 Barua zimejaa mezani lakini leo nitajibu mbili tu, na ya kwanza itakula karibu ukurasa wote. Wale wa mahusiano mnisamehe. Huyo mume wa mtu mnayeniuliza habari zake atakuwa bado yupo mwezi ujao.

Aliyeandika ni msichana wa Dar es Salaam mwenye kundi la vichekesho. Yeye ndiye anayetunga, ndiye anayeigiza kama mama mwenye nyumba, ndiye anayegawa nauli mazoezi yakiisha. Wamehangaika mpaka wakapata mdhamini. Sasa mdhamini kamwita pembeni: kijana anayeigiza kama mumewe hatakiwi tena, kuna mambo aliyaandika mtandaoni yakawaudhi wakubwa. Mkimtoa, pesa zinaendelea. Mkibaki naye, tutaangalia. "Dada, watu wanane wanakula kwa kipindi hiki. Nifanyeje?"

Ningekuwa na haraka ningekuandikia sentensi moja ya kishujaa, ukaiweka kwenye stetasi, halafu Jumatatu ukakaa mbele ya mdhamini huna pa kuanzia. Acha nikusimulie habari za Gertrude Berg. Alikalia kiti hicho hicho New York mwaka 1950, na kwake pia aliyetakiwa kutolewa alikuwa ndiye aliyeigiza kama mume wake.

Televisheni ya zamani ya Marekani ikitajwa, wengi humkumbuka Lucille Ball. Berg alimtangulia. I Love Lucy, kipindi cha Ball, ilianza Oktoba 1951. Berg alikuwa na kipindi chake cha familia, The Goldbergs, kwenye televisheni ya CBS tangu Januari 1949, na kabla ya hapo kwenye redio tangu 1929. Alikitunga, alikisimamia, na nafasi kubwa aliigiza mwenyewe. Tuzo ya Emmy ilipotolewa kwa mara ya kwanza kwa mwigizaji bora wa kike, Januari 1951, aliichukua yeye.

Kwao alikuwa Tillie Edelstein, mtoto wa Kiyahudi wa Harlem. Baba yake aliendesha hoteli ya wageni wa kiangazi huko Fleischmanns, kwenye milima ya Catskill. Mvua ikishika siku mbili, wageni wanaanza kuulizana habari za treni ya kurudi mjini. Ndipo binti alipoanza kutunga michezo mifupi ya kuchekesha, akaigiza yeye na wageni wenyewe, ili watu wasifunge mabegi. Shule yake ya kwanza ya utunzi ilikuwa hiyo, na mtihani wake ulikuwa mwepesi kusahihisha: mgeni kacheka, kabaki, bili inaendelea. Wewe unayeniambia hujasomea sanaa, hapo tusimame kidogo kisha tuendelee.

Kuna jambo jingine la utotoni ambalo nalitaja kwa sababu linaeleza yaliyofuata. Ndugu yake wa kiume alifariki kwa dondakoo, na mama yao hakurudi kuwa yule wa zamani. Huzuni ilimmeza mpaka akaishia hospitali ya wagonjwa wa akili. Huyu binti ndiye aliyekuja kumtunga Molly Goldberg, mama anayejua kila jirani kalala na njaa au kashiba, mama asiyeshindwa na tatizo la mtu yeyote. Mnaoandika mtaelewa nasema nini. Mengine mtu hatungi kwa sababu anayo.

Aliolewa 1918 na Lewis Berg, mhandisi wa mambo ya sukari. Kazi ya mume ilipoyumba, yeye akaenda redioni na karatasi zake. Mchezo wake wa kwanza, wa wasichana wawili wauza duka, ulirushwa mara moja tu ukazimwa. Mmoja wa wale wasichana alikuwa na maoni juu ya ndoa ambayo kituo hakikutaka yaingie majumbani. Hakwenda kulia kwa shoga zake. Alikuja na mwingine, wa familia ya Kiyahudi ya kawaida inayotafuta maisha New York. Mwenyewe alisimulia kwamba aliupeleka ukiwa umeandikwa kwa mkono, bosi akasema mwandiko huu hausomeki, basi soma wewe. Akausoma kwa sauti, nafasi zote, baba, mama na watoto. Wakataka mchezo, na wakataka Molly awe yeye. Mimi nina shaka kidogo na ule mwandiko. Mwanamke makini vile anajua kuandika herufi zikasomeka akitaka.

Kipindi kilianza NBC tarehe 20 Novemba 1929, wiki chache tu baada ya soko la hisa la New York kuporomoka. Watu walikuwa wanapoteza kazi, na redioni kuna mama anahesabu senti kama wao. Kikapanda mpaka kikawa cha karibu kila siku, dakika 15, na kila neno likitoka kwa yeye aliyeamka alfajiri kuandika. Alikuwa mkali wa vitu halisi: mayai yakipasuliwa kwenye mchezo, basi mbele ya kipaza sauti yanapasuliwa mayai. Aprili 1939 familia ya Molly imekaa mezani kwa Pasaka ya Kiyahudi, jiwe likapita dirishani, miezi mitano tu baada ya ule usiku wa Novemba wa Ujerumani wa kuvunja maduka na masinagogi. Molly akawatuliza watoto, ibada ikaendelea. Hakutoa hotuba. Aliweka jiwe mle ndani, na msikilizaji akaelewa.

Sasa televisheni. Nataka uione hii vizuri, kwa sababu bila kuiona hutaelewa mdhamini alikuwa nani. Skrini inafunguka, unaona dirisha la nyumba ya kupanga ya Bronx. Molly kaegemea kizingiti kwa viwiko, kiwiliwili nje, kama mama wa uswahilini anayesubiri shoga yake apite amwambie jambo. Anakutazama wewe. Anakusalimia. Pale kizingitini kuna kopo la kahawa ya Sanka limepandwa ua. Anakuambia kahawa hii imeondolewa kafeini, kunywa hata usiku, usingizi wako hauguswi. Hata hujajua kama ni tangazo au ni umbea, anageuka kuingia ndani, kamera inamfuata, na hadithi ya leo imeanza. Hakuna kukata wala kurudia. Kipindi kilienda hewani moja kwa moja, ukisahau maneno nchi nzima imekuona umesahau.

Yule Molly wa gauni la jikoni na Kiingereza cha kuvunja, nje ya studio alikuwa bibi wa Park Avenue mwenye lulu shingoni na Kiingereza kilichonyooka. Watu walishangaa wakikutana naye. Naona na wewe umeandika kwamba watu wakikukuta umevaa suti wanakuuliza kitenge kiko wapi. Wazoee.

Lakini rudi kwenye lile kopo. Siku zile kampuni haikununua sekunde 30 katikati ya kipindi kama leo. Mdhamini mmoja alilipia kipindi kizima, na kwa Berg alikuwa General Foods, wenye Sanka. Kituo kilikuwa kama mwenye ukumbi tu; mwenye harusi alikuwa mdhamini. Akikohoa yeye, kituo kinatafuta maji.

Mume wa Molly, Jake, aliigizwa na Philip Loeb. Loeb alikuwa mtu wa jukwaani wa miaka mingi na mpiganaji wa chama cha waigizaji, Actors' Equity. Miaka ya 1930 alikuwa mbele kudai waigizaji walipwe siku za mazoezi, maana wenye maigizo walizoea kuwafanyisha mazoezi wiki kadhaa bure. Juni 1950 kikatoka kijitabu kinaitwa Red Channels, chenye majina 151 ya watu wa redio na televisheni waliodaiwa kuwa karibu na Wakomunisti. Hakukuwa na mahakama wala shahidi. Uliwahi kutia saini ombi fulani, uliwahi kuhudhuria mkutano fulani, jina lako limo. Jina la Loeb lilikuwemo. Yeye aliapa kwamba hajawahi kuwa Mkomunisti. Haikusaidia, kwa sababu hakuna aliyekuwa akithibitisha chochote. Mdhamini alichoogopa ni mama mmoja wa kijiji fulani kuandika barua kwamba hatanunua tena kahawa.

General Foods wakamwambia Berg: mtoe.

Akakataa. Na hakukataa kwa kunong'ona. Aliwaambia wakimlazimisha atazunguka nchi nzima, kila jukwaa litakalompokea, awaambie watu wasinunue bidhaa zao. Fikiria uzito wa maneno hayo yakitoka kwa mwanamke ambaye mamilioni wanamwona kama jirani yao wa dirishani. Kampuni ikarudi nyuma. Msimu ukaendelea, Jake akiwa mezani kwake, na katikati ya msimu huo ndipo Emmy ilipokuja.

Simulizi nyingi za ushujaa zingeishia hapo, na ndiyo maana hazisaidii mtu. Mwaka 1951 General Foods wakaondoka. Hawakupiga kelele, hawakurefusha tu mkataba, na CBS nao wakaachia kipindi. Berg akabaki na tuzo mkononi, jina kubwa, hadithi tayari, na hakuna mdhamini wa kugonga mlango. Kila aliyefuatwa alikuwa na sharti lile lile. Miezi ikapita. Wale waigizaji wengine wa familia, mafundi, wasaidizi, wote walikuwa wanasubiri. Januari 1952 Loeb akatoka, kwa malipo. Mwezi uliofuata kipindi kikarudi hewani, safari hii NBC, na Jake mwingine. Loeb hakupata kazi ya maana tena kwenye televisheni. Alikuwa na mtoto wa kiume mgonjwa wa akili anayetunzwa kwa gharama kubwa, pesa zikakatika, mtoto ikabidi ahamishiwe hospitali ya serikali. Septemba 1955 Loeb alijiua kwenye chumba cha hoteli, New York.

Najua nimekutia baridi. Nimekuambia yote kwa makusudi, kwa sababu swali lako lilikuwa "nimtoe au nisimtoe", na Berg alifanya yote mawili. Alimtetea kuliko wakubwa wengi wa enzi ile walivyowatetea watu wao, na bado mwisho kipindi kiliendelea bila yule mtu. Mimi simhukumu. Nikisoma habari zake, kinachonisumbua ni kitu kimoja: alipigana peke yake. Televisheni nzima ya New York ilikuwa na watu waliojua orodha ile ni upuuzi, na kila mmoja alikuwa akiangalia kopo lake la kahawa. Mwigizaji mmoja akikataa, anatafutiwa mwingine. Vipindi kumi vingekataa wiki moja, nani angeuza sabuni?

Kwa hiyo, mdogo wangu, tuanze na ulichokificha kwenye barua. Aliandika nini huyo kijana? Hukuniambia. Kama aliandika maoni yake juu ya bei ya umeme, hilo ni moja. Kama alimtukana mtu kwa kabila lake, au kuna binti analalamika kwamba alimsumbua, hilo ni lingine kabisa, na hapo usinitumie Loeb kama ngao. Soma mwenyewe yale maandishi. Usihadithiwe na mdhamini, wala na yeye.

Ukishasoma ukaona hana kosa, mpigie simu leo. Leo jioni, kabla ya kikao chochote. Hakuna fedheha kama mtu kusikia kwamba anajadiliwa na watu wanane kabla hajajua mwenyewe. Mwambie walivyosema, neno kwa neno, na mwambie bado hujaamua, kama hujaamua. Usimwahidi usichoweza. Wengi wetu tunaogopa simu hiyo, tunangoja mpaka jambo limekwisha ndipo tunajifanya na sisi tumeshtuka.

Halafu toa mkataba. Ndiyo, ule uliotia saini juu ya boneti ya gari. Tafuta palipoandikwa jina la kipindi ni la nani, wahusika ni wa nani, na zile klipu zilizokwisha kurekodiwa zinabaki kwa nani mkiachana. Nguvu ya Berg ya kuwaambia General Foods hapana ilitoka hapo: Molly alikuwa wake. Kampuni iliondoka na kahawa yake, Molly akahamia kituo kingine. Kama mkataba wako unasema mhusika ni mali ya mdhamini, basi unazungumza na mwenye nyumba yako, na sauti lazima uipime. Mtafute mwanasheria hata wa kukusomea tu. Kuna vituo vya msaada wa sheria visivyodai pesa.

Mdhamini mwambie akuandikie. Barua pepe inatosha: tunaomba fulani aondolewe kwa sababu hii. Utaona maajabu. Kuna watu wana ujasiri wa simba wakiwa wamekushika mkono pembeni ya ukumbi, mwambie aandike uone anavyotafuta funguo za gari. Asipoandika, huna ombi rasmi, na kipindi kinaendelea kama kilivyo mpaka aandike.

Wale wanane waite wote, pamoja na huyo kijana. Waambie bila mdhamini mnaweza kwenda wiki ngapi. Hesabu halisi, nauli, kodi ya chumba cha kurekodia, vocha. Atakayesema "mimi nina mtoto, siwezi", msimwite msaliti. Ana mtoto. Na wapigie wenzako wenye makundi mengine, hata yule mnayenuniana kwa sababu ya kuibiana vichekesho, muulize kama na yeye ameshaambiwa amtoe mtu. Ukisikia ndiyo mbili au tatu, hilo si jambo lako peke yako tena, na mdhamini atalisikia tofauti.

Na ikifika mahali hamna jinsi, kijana akatoka, basi alipwe. Kila senti ya vipindi alivyocheza, na zaidi ya hapo kama mfuko unaruhusu. Msiandike mtandaoni kwamba "ameamua kuendelea na shughuli zake binafsi" kama hakuamua. Halafu muendelee kwenda kwake. Mtu aliyezoea kuchekesha watu akikaa kimya wiki mbili, usimtumie emoji. Nenda ukabishe hodi, na mkiona hali yake si nzuri msimwache peke yake, mumpeleke hospitali kwa watu wanaojua kazi hiyo.

Kuhusu Berg mwenyewe, kipindi hakikuwa kile tena. Kilihama kituo hadi kituo, mwaka 1955 akawahamisha akina Goldberg kutoka Bronx kwenda kitongoji cha watu wenye bustani, na mle kwenye bustani hakukuwa na jirani wa kuita dirishani. Kikafa mwaka uliofuata. Yeye hakufa nacho. Mwaka 1959 alichukua tuzo ya Tony, ya jukwaa la Broadway, kwa mchezo wa A Majority of One.

Hilo linanileta kwenye barua ya pili, fupi, ya dada wa Morogoro. Anasema ana miaka 34, ana watoto wawili, ana madaftari matatu ya michezo aliyotunga, na shemeji yake amemwambia muda wa mambo hayo umepita. Berg alianza redio akiwa na miaka 30 hivi na watoto wawili, akaingia televisheni akikaribia 50, akabeba Tony akikaribia 60. Shemeji mpe salamu. Na wewe usinitumie tena picha ya jalada la daftari, nimeliona, ni zuri, lina maua. Nitumie kurasa tano za ndani. Mwandiko ukiwa mbaya, jirekodi ukizisoma.